Kwa Baba Kingi, na Asumini Uliyotuachia

Ni mwaka sasa, Baba Kingi, tangu asubuhi ile ya Februari 1994 Mungu alipokuita, ukatuacha na uani kumejaa madebe.

Watu wa relini walikujua kwa breki za mabehewa. Mtaa wetu, hapa Mombasa nyuma ya Ngome, ulikujua kwa maua. Ulipostaafu hukukaa kibarazani kungoja uzee. Ulikwenda Makadara, ukaomba madebe ya samli kwa wenye mikahawa, ukayatoboa chini kwa msumari, ukapanda waridi, rehani, na katika lile debe kubwa la pembeni, asumini. Mikono yako ilinuka grisi hata sabuni ikasalimu amri. Lakini kila alasiri ulichuma vitumba kabla havijafunguka, na kimoja ukamchomekea Mama kwenye fundo la leso.

"Wewe mzee, utanitilia sisimizi kifuani!" Mama Dama alikuwa aking'aka. Wala hakukitoa hata siku moja.

Tena ulikuwa na ukali wako. Msimu wa maua ukiisha ulishika mkasi, ukaikata asumini ikabaki vijiti vitupu, huku ukiigombeza: "Umedekezwa ukasahau kazi!" Mama alikuita katili. Ulicheka tu, ukamwambia Eddah, kitinda mimba wako, kwamba siku ya harusi yake atavaa kikuba, kile kishada cha kunukia, cha asumini hiyo hiyo, na marashi ya dukani yakae dukani.

Basi ulipokwenda tuliapa kwamba mti wako hautakufa mikononi mwetu. Baba, ilibaki kidogo tuuue!

Ilipofika Oktoba, harusi ya Eddah na Mumo imepangwa Desemba, majani yalikuwa ya manjano na hakuna kitumba hata cha dawa. Mama chakula kilimshinda. "Mti wake mmoja tu umenishinda," alisema, "na ahadi yake kwa mtoto je?" Tulimwona akiinama juu ya lile debe kila siku, na roho zilituuma.

Ndipo Bi Mwanaesha alipopiga hodi. Ni yule jirani yetu uliyempa maua miaka yote, naye akawatungia vikuba maharusi wa mtaa mzima. Alitia kidole kwenye udongo, akaruka.

"Ala! Huu si udongo, ni uji! Ni nani atiaye maji hapa?"

"Mimi," akasema Mama, "kila asubuhi."

"Mimi pia, nikitoka kazini," akasema mwanao Elvis.

Eddah akainamisha kichwa. "Na mimi, jioni."

Bi Mwanaesha akashika kiuno. "Mwauua mti kwa mapenzi, jamani!" Kisha akaziba mdomo kwa buibui. "Na mimi nami humimina kidogo nikipita. Mungu anisamehe!"

Loo, Baba! Hewa ya Mombasa yenyewe ni maji, nasi watu wanne tunalijaza debe moja, kila mtu kwa siri yake, kila mtu akilia kidogo. Wahenga walisema penye wengi hapaharibiki neno. Debe lako liliwakanusha. Tulicheka mpaka tukashika mbavu. Kilikuwa kicheko cha kwanza nyumbani tangu tukuzike.

Halafu Bi Mwanaesha akauliza mkasi wako uko wapi, na kicheko kikakatika. Hakuna aliyekuwa ameugusa. Tuliona kuukata mti ule ni kama kukukata wewe.

"Nikukatie, shoga?"

"Hapana," akasema Mama. "Ni mti wa mume wangu. Nitaukata mwenyewe."

Akasimama mbele ya asumini, machozi yakimtiririka, akakata tawi la kwanza. Akakata la pili. La tatu akaanza kugomba, kwa sauti yako hasa: "Umedekezwa ukasahau kazi!" Alikata mpaka vikabaki vijiti. Tukabadilisha udongo, tukazibua matundu, kisha tukafanya lililokuwa gumu kuliko yote: tukauacha.

Wiki ya harusi vitumba vilitoka, Baba, mti mzima! Bi Mwanaesha akatunga kikuba pamoja na rehani yako, na Eddah akaingia kanisani akinukia wewe. Mkweo Mumo, mtu wa Machakos, alimnong'oneza Elvis kuuliza ni marashi gani haya. "Ya baba mkwe," akajibiwa.

Yale matawi yaliyokatwa Mama hakuyatupa. Aliyachomeka kwenye udongo, yakashika mizizi yote. Kwa hiyo ndugu na majirani mnaosoma haya, Jumapili hii baada ya ibada karibuni uani kwetu. Msilete maua. Leteni kopo tupu, lililotobolewa chini, muondoke na mche wa Baba Kingi. Habari ya maji Mama atawaeleza mwenyewe, na hatanii.

Wanaokukumbuka ni mkeo Dama, wanao Elvis na Eddah, mkweo Mumo, na Bi Mwanaesha, jirani aliyegeuka ndugu.

Siku hizi alasiri Mama huchuma mwenyewe. Hukichomeka kitumba kwenye fundo la leso, kisha hulalamikia sisimizi kwa sauti kubwa, ili huko uliko usikie.

Daima u nasi, Baba.