Chanjo ya Likasi na samaki ya patron

Yaya Mado, dada yangu mukubwa,

Jambo yako huko Kalemie! Mudogo wako iko na bahati kupita muntu yeyote wa familia yetu: nimechaguliwa kuwa mukubwa wa hoteli ng'ambo, ghorofa zinagusa mawingu! Tumesimama hapa Likasi kuchanjwa homa ya manjano, na vumbi nyekundu imeingia mpaka kwenye meno.

Muganga wa sindano, Mama Odile, anauliza kila msafiri maswali mbele ya kumuchoma.

"Pasipoti yako, ni nani iko nayo?"

"Patron, bosi mwenye kutupeleka ng'ambo."

"Mukataba ulisoma?"

"Patron alisoma."

"Kazi ikikushinda, utarudi namna gani?"

"Patron..."

"Weee, papa! Weye hauko mufanyakazi, weye uko muzigo! Hapa tunachanja mbele ugonjwa haijafika. Na hii ya kuuzisha bantu tunaizuia vilevile."

Mustari wote ulicheka, halafu ukamufuata Mama Odile kumutafuta patron, maana wasafiri wote tulikuwa na patron mumoja.

Tulimukuta kwenye mgahawa akila bukari, ugali wetu, na samaki ya mto Lufira. Mama Odile mbele, sisi nyuma, na wamama wote waliokuja kuchanjisha watoto, nao mgongoni, wakipiga vigelegele.

"Pasipoti, patron! Toa!"

Alizitoa zote kwenye koti, akarukia gari yake bila kunawa mikono. Samaki nilimaliza miye mwenyewe. Tamu, yaya!

Ninakupenda sana, nibusie watoto. Nitandikie kitanda, nakuja. Hoteli haiko. Hapo juu nimekudanganya, vile patron alinidanganya miye.

Mudogo wako,
Dédé