Saini Yangu ya Tingi

Mjukuu wangu Stella,

Marahaba. Huku kijijini Ruanda, Mbinga, kahawa imechanua, na shangazi yako amepona mguu. Unauliza kama uripoti kwanza kituo kipya, halafu ndipo upinge uhamisho mahakamani.

Miaka ile ya ujamaa nilihamishwa kutoka hapa hapa kwenda kufundisha Tingi, upande wa ziwa, bibi yako akiwa mgonjwa kitandani. Nilifungua kesi Mbinga, lakini nikaenda kuripoti, nisionekane mkaidi. Mwalimu mkuu akanisogezea kitabu cha mahudhurio.

"Saini tu, Mwalimu, watoto wanasubiri."

Nikasaini, nikaingia darasani.

Siku ya kesi hakimu alikifungua kitabu kile. "Saini hii ni yako?"

"Ni yangu, Mheshimiwa."

"Basi uhamisho uliukubali mwenyewe."

Bibi yako alifariki nikiwa Tingi. Mengine sitayaandika.

Wale watoto niliwafundisha vizuri, na sijutii hata kipindi kimoja. Wewe muulize wakili kabla hujaenda. Ukilazimika kusaini, andika pembeni kwamba hujakubali. Mimi kalamu nilikuwa nayo mkononi, na ukurasa ule ulikuwa na nafasi tele.

Babu yako