Mutu Hajisimulie Mwenyewe

Mujukuu wangu Fifi,

Huku Kabondo tuko wazima, ila goti langu linagombana nami. Unauliza kama ile dini ya hadithi ilikuwa upuuzi. Bila yake usingezaliwa!

Kabla ya uhuru, kando ya maporomoko ya muto, baba ya bibi yako, koko Mado, na wavuvi wenzake waliamini dunia ipo kwa sababu inasimuliwa. Mutu asiye na wa kumsimulia, hayupo. Nilipokwenda kwake kumuposa Mado nikaanza kujisifu. Muzee akatazama ukuta nyuma yangu.

— Nani anasema? Mimi sioni mutu.

Rafiki zangu walionisindikiza ili wanisemee, waoga wale, wakarudi nyuma mpaka mulangoni. Nikajua nimemkosa Mado. Ndipo yeye mwenyewe akasema:

— Papa, huyu ndiye aliingia mutoni na viatu vipya kuokoa kitunga changu cha samaki. Kitunga kikapona, yeye akanaswa kwenye mutego wako.

Muzee akacheka mpaka machozi.

— Bon, keti, mwanangu. Sasa ninakuona.

Padri alinibatiza kwa maji mengi, lakini siku ile ndiyo nilianza kuwapo. Koko yako bado anawasimulia majirani kisa hicho, na sasa ameongeza mamba. Simkatalii, nisije nikapotea. Nawe huko mbali, unisimulie kidogo kwa watu wa huko.

Koko yako, Antoine