Bibi Waliyetaka Asinzie

Mzee Arkadi,

Nina hasira, na wa kumwambia ni wewe tu, kwa hiyo nivumilie. Nakuandikia Kiswahili, ambacho hukukijua. Hata Kiingereza tulikuwa tunakiokoteza wote wawili, na bado tulielewana. Leo sina nguvu ya kuokoteza.

Nianze na mazishi yako. Mwanao alikuchukua ukazikwe Buffalo, karibu naye. Nilipanda basi kutoka Columbus, nikafika viatu vimelowa theluji. Alisema vizuri, akalia. Lakini alisema baba yake alikuwa fundi wa kiwanda cha matofali, mtu mpole, mpenzi wa kuvua samaki. Basi. Kuhusu tamthilia zako, kimya! Nilipomuuliza baadaye akanijibu: ah, ile ilikuwa michezo ya mashambani tu, ya enzi za Wasovieti, haikufika popote. Haikufika popote! Nusura nimrushie sahani ya viazi. Mtu uliyewaandikia wachoma matofali na wakamua ng'ombe, ukazunguka vijijini na waigizaji juu ya lori la nafaka, leo unaagwa kama mvuvi. Na ndoano yenyewe haikuwahi kulowa, mimi nilikuwa nikiipangusa vumbi kila wiki.

Ulipokuwa mgonjwa pale kwako mtaa wa Clintonville, Columbus, nami mhudumu wako nikikuosha miguu na kukupikia uji, ulinisimulia ule mchezo wako wa mwenyekiti wa kijiji kipande kwa kipande. Kijiji kinapaka zizi chokaa ili kumpokea mkubwa kutoka mjini. Mkutano unaitishwa, hotuba hazina mwisho, hadi bibi mmoja mkamuaji anasimama na kumuuliza mwenyekiti: "Wewe, nani alikuchagua?" Pazia linafungwa. Ulikuwa ukimwigiza huyo bibi na blanketi kichwani mpaka nashika kitanda usianguke. Halafu unanuna. Kwa sababu kabla ya onyesho la kwanza, kamati ya wilaya yenu ilikaa mstari wa mbele, ikatazama mazoezi, ikaamua bibi asinzie na mahali pake iingie kwaya ya watoto. Ikawa hivyo mpaka nchi yenyewe ikafa. Swali la bibi halikusikika mbele za watu hata mara moja. Nikakuahidi kwamba litasikika.

Baada ya mazishi nilihamia Louisville kwa dada yangu, nikapata kazi ya ghala, nikakusanya watu hapa mtaani Newburg. Wengi ni Warundi wenzangu tuliokulia kambi ya wakimbizi Tanzania, pamoja na jirani yetu Mkongomani, Mama Furaha, ambaye naapa alizaliwa awe yule bibi. Mchezo niliutafsiri kwa kumbukumbu. Tulifanya mazoezi Jumapili baada ya ibada, kwenye ukumbi wa jumuiya yetu.

Sasa sikia ujinga wetu. Sisi watoto wa kambi hatujui kuigiza bila ruhusa. Kule hata mkusanyiko wa harusi ulihitaji kibali, sembuse mchezo. Kwa hiyo, bila kuagizwa na mtu, niliwaalika viongozi wa jumuiya waje waukague. Viti niliwapangia mwenyewe, mstari wa mbele, na soda juu! Binti yangu alinitazama akasema, "Mom, nobody told you to ask them." Nikamwambia anyamaze, hajui adabu. Kumbe aliyejua ni yeye.

Walitazama. Wakacheka kwenye zizi, wakacheka kwenye hotuba. Bibi aliposimama, mwenyekiti wetu akaweka soda chini. Mtu huyu amekikalia kiti hicho cha uenyekiti tangu tuko kambini, akapanda nacho ndege, akashuka nacho Marekani. Akaniambia kwa ule upole wake unaoudhi: "Dada Spesi, mchezo ni mzuri. Ila huyu bibi analeta fitina. Mfanye asinzie, halafu kwaya ya watoto iingie, tumalize kwa baraka."

Asinzie! Kwaya ya watoto! Maneno yale yale ya kamati yenu! Hawajui hata wilaya yenu iko upande gani wa dunia. Nani huwagawia wenyeviti maneno haya? Mama Furaha alikataa na kulalamika njia nzima kwa Kiswahili chake cha Kongo: "Donc banataka nilale tu? Bon, mi nakatala." Lakini funguo za ukumbi anazo mwenyekiti, na watu walikwishaalikwa. Nikakubali kwa mdomo, roho inachemka.

Siku yenyewe ukumbi ulifurika. Mwenyekiti alikaa mbele na suti yake. Mama Furaha akasinzia vizuri kabisa, mpaka akakoroma. Watoto wakajipanga, wakavuta pumzi waimbe. Ndipo akafumbua macho, akainuka, akakaza kitenge, akamgeukia mwigizaji wetu wa mwenyekiti: "We, nani alikuchaguaka?"

Aliyesimama kujibu ni mwenyekiti wa kweli! Akasema: "Mimi nilichaguliwa na watu, kambini, kila mtu hapa anajua." Watu walicheka mpaka wengine wakashika mbavu. Akawaka. Akaamuru taa zizimwe, watu watoke. Hakuna aliyetoka. Nyuma kabisa, mjane mmoja wa kwetu, ambaye hakuwa mwigizaji na hata kanisani huwa hafungui kinywa, akajiinua kwa kushika kiti cha jirani yake. Akasema, "Nilikuwepo kambini. Mimi sikukuchagua." Akaketi.

Ukumbi tumenyang'anywa. Kuna watu hawaitikii salamu yangu, wanasema nimeigawanya jumuiya. Mimi! Bado nina hasira, Mzee: na huyu mwenyekiti, na wale wa wilaya yenu, na mwanao aliyekuzika bila kazi yako. Na nina uchungu kwamba hukuwepo. Ningekushika mkono, tukamsikiliza yule mama mjane pamoja.

Lala salama, baba yangu wa Columbus. Udongo wa Buffalo usikulemee. Mwanao nimempigia simu, nimemwambia tunakuja, kaguna tu, na mimi nimehesabu kuguna huko ni ndiyo. Kiangazi kikifika tutauigiza mchezo wako mjini kwake, penye ukumbi au kwenye maegesho ya magari, bibi akiwa macho tangu mwanzo. Na nakuahidi, sitamwita mtu yeyote aje kuukagua.

Spesi wako