Kivuli Ulichotuachia, Sila Matonya

Mwaka umetimia, Baba Ruthu, tangu homa ikuchukue njia ya Kondoa, wapagazi wenzako wakakuzika huko huko, nasi hapa Dodoma tukaletewa kofia yako tu.

Ulianza kwa kumbebea yule Mdachi sanduku lake la picha zinazotembea. Siku alipotetemeka mikono kwa homa, akakuachia mpini uuzungushe. Ukauzungusha huku unaimba wimbo wa kanisani kwa sauti ya chini, mwendo ule ule, bila kukimbia wala kulegea. Tangu siku hiyo hakuushika tena mwenyewe.

Hata nyumbani kazi haikukutoka. Mkeo anasonga ugali, mara atakusikia: "Loisi, hebu geuka kidogo, mwanga ukupate shavuni."

"Mwanga hauliwi, Baba Ruthu. Sogeza bakuli."

Ukacheka. Hukuwa mtu wa kugomba.

Jua la saa sita hukulipenda. Ulisema linawachimbia watu mashimo machoni. Ndiyo maana siku ile ya ng'ombe kisimani Miyuji ulingoja alasiri, jua liwe mgongoni mwako na nyusoni mwa wachungaji. Nyuso zikatoka vizuri. Na kivuli chako kikatoka nazo, kirefu, mkono umeshika mpini. Mdachi alipouosha ukanda wa picha akafoka kwamba kivuli kimemharibia, akakikata kipande hicho na kukitupa. Wewe ukakiokota, ukaja nacho unacheka: "Nimewapiga picha watu wote, leo nimejipiga mwenyewe."

Mwaka huu umetuchosha. Mama yako hakuona maiti wala kaburi, basi kila garimoshi likilia hudhani umerudi, humwambia mkeo, "Mama Ruthu, mtengee mwenzio maji ya kuoga." Mkeo huyatenga. Usiku ukiingia huyamwaga, husali, hulala. Garimoshi likija, yale yale.

Juzi ndugu yako Yoramu akasema, "Shemeji, tukizike kile kipande, Mama apate mahali pa kulilia." Mkeo moyo ukamwuma. Ruthu ameanza kuisahau sura yako, na picha nyingine hatuna. Lakini hakuweza kumnyima mama mzazi. Akakifungua kwenye kitambaa, akampa.

Mama yako akakiinua mlangoni, kwenye jua. Katika ukanda ule mambo yamegeuka: ardhi imekuwa nyeusi, kivuli chako cheupe. Alitazama mpaka mkono ukamchoka.

"Ni Sila. Mkono huu ni wake." Kisha akasema, "Kumbe amevaa nyeupe."

"Mama, ni dawa ya Wadachi tu, inageuza rangi," Yoramu akasema.

"Nyamaza wewe! Amevaa nyeupe, basi amefika kwa Bwana. Msimfukie mtu aliyekwisha kufika. Mpeni Ruthu amtunze."

Jana garimoshi lililia. Mama yako aliinua kichwa, akasikiliza, akaendelea kupepeta uwele. Hakutaja maji.

Ni sisi: mama yako Hana, mkeo Loisi, binti yako Ruthu, ndugu yako Yoramu na nyumba yote ya Matonya. Pumzisha mkono, Sila. Tutakukumbuka siku zetu zote.