Tiki Kumi na Mbili

Shangazi yangu mpendwa,

Kuna jambo sijamwambia mtu yeyote, hata mama. Zile tiki kumi na mbili kwenye karatasi yako nilizitia nikiwa nimekaa migombani. Sikuingia hata boma moja.

Nakuandikia kwa Kiswahili kwa sababu kwa Ekegusii, lugha yetu ya nyumbani, ningelia kabla sijamaliza, na Kiingereza changu cha shule kingenifanya nijitetee.

Unakumbuka ile likizo uliyokuja kupiga filamu hapa kwa Babu? Nilikufuata wiki nzima nikijaribu kuelewa kazi yako. Mwenye kamera nilimwelewa. Mwongozaji pia, maana yeye alikuwa anafoka tu. Lakini wewe hukushika chombo chochote, na bado hakuna kilichosonga mpaka ufike. Asubuhi uko Nyamira kufuatilia kibali, mchana uko kwa chifu, jioni unauliza kama waigizaji kutoka Ogembo wamepata ugali wa wimbi au wamepewa mkate tena. Siku moja tukichambua mboga za chinsaga nikakuuliza, kwani shangazi, wewe hufanya nini hasa?

"Mimi huomba ruhusa," ukasema.

Nilidhani ni mzaha. Ukanieleza kwamba Kenya haikosi hadithi wala waigizaji, ila mtu akija na kamera akawaacha wenyeji na uchungu, anayekuja nyuma yake atakuta milango imefungwa, na sinema ya nchi haiwezi kujengwa nje ya milango ya watu. Ulisema hayo huku ukitupa majani mabovu, kama jambo la kawaida tu. Mimi sikulala vizuri kwa kulifikiria.

Halafu ikafika zamu ya tukio la msiba. Huku kwetu mtu hasikii kilio akaendelea kulima. Ndiyo maana uliandika majina ya maboma kumi na mawili ukanituma, kwamba mimi ni mtoto wao, wataniamini. Niwaambie kesho tutalia lakini hakuna aliyekufa, na kila boma nikilimaliza nitie tiki. Pale langoni pa boma la kwanza nilisikia watu wakicheka ndani. Nikawaona akilini wote wakigeuka kunitazama. Nikasema nianze na la pili. La pili lilikuwa na mbwa. La tatu halikuwa na sababu yoyote, Shangazi. Niliogopa tu.

Kesho yake waigizaji walipoanza kulia, wanawake waliteremka kilimani, wengine wakikimbia, kuni kichwani, sukari mkononi. Mbele yao alikuwa yule jirani mzee tunayemwita Magokoro, akiomboleza kwa kumtaja Babu kwa jina. Babu akatokea zizini na mkebe wa maziwa, akiuliza nani amekufa. Kuni za Magokoro zikaanguka.

"Sasa kama si wewe," akamwambia, "njia nzima nimemlilia nani?"

Watu walicheka. Babu hakucheka. Kuliliwa ukiwa hai, tena katika boma lako! Alikugeukia akauliza kama majirani waliambiwa. Ukatoa ile karatasi niliyokurudishia, ukaziangalia tiki, ukaniangalia mimi niliyekuwa naangalia viatu. Ukaikunja.

"Kosa ni langu, Baba. Mimi ndiye mtayarishaji."

Siku hiyo hiyo Babu akafukuza kamera. Ukaondoka na filamu isiyo na maziko. Mama anasema kila Jumapili ukipiga simu unamwomba Babu umalizie, naye anamrudishia simu yake. Babu anasema hujui kuheshimu majirani. Wewe, kati ya watu wote.

Nina maswali. Ulijua? Ulipoziona zile tiki zote zimekaa sawa, za kalamu moja, ulijua? Na kubeba kosa la mtu ni sehemu ya kazi, au ulifanya hivyo kwa kuwa mimi ni wa kaka yako? La mwisho usicheke: mtu anayeogopa watu anaweza kuwa mtayarishaji? Nauliza kwa sababu jana niliingia kwa Magokoro. Nilisimama langoni mpaka mbwa akachoka kubweka. Sikumwambia kitu, niliomba maji tu, nikanywa vikombe viwili. Lakini niliingia. Yamebaki maboma kumi na moja.

Nasikia fimbo ya Babu barazani. Barua tatu za kwanza ziliishia hapa, zikaingia chini ya kitabu cha Biolojia, baadaye jikoni motoni. Hii pia nimeshaifunika nusu kwa mkono.

Naondoa mkono. Nitaiacha mezani, upande wa kiti chake. Anasoma Kiswahili kwa kidole, neno kwa neno, lakini hatachelewa kuzifikia tiki, maana nimeziweka juu kabisa. Akiuliza, nitajibu kwa sauti. Akimaliza, nitamwomba ruhusa urudi umalizie.

Amefika mlangoni.

Mimi, binti wa kaka yako, uliyenituma