Baba yake Bwalya amefika

Jumapili, mwezi wa tano, 1957. Mbele ya Kabuta.

Upepo wa kusini umepoa tangu asubuhi na kisiwa chetu kinasogea polepole kuelekea Kashikishi. Kuna baridi kidogo. Nimejifunika chitenge, nimeshiba nshima ya unga wa mihogo na samaki.

Nina furaha. Niandike hilo kwanza.

Leo naeleza kama ninayemweleza mgeni, maana siku moja mtoto wa mdogo wangu huenda akasoma haya. Kisiwa chetu ni mafunjo yaliyoshikana mizizi, na juu yake tuna vijumba vya matete, kuku, na bustani ndogo ya mboga. Kinaelea ziwani. Juma hili tuko huku, juma lijalo pengine ng'ambo, upande wa Kongo nilikozaliwa. Tunatembea, lakini siku zetu zinafuatana vizuri. Nchi kavu haitembei, ila wakati wake umeharibika. Mtu analala mihogo yake ikiwa michanga, anaamka imeshapita kuvunwa. Miaka inaweza kwisha kule huku sisi bado tunakausha samaki wa juzi. Hakuna anayejua sababu. Watu wamezoea, kama walivyozoea mamba.

Mdogo wangu Mwape hakuzoea. Yeye na mumewe Chisenga walikuwa na shamba Kafutuma, nchi kavu. Mara mbili alishika mimba huko, na mara mbili miezi ilimruka: alilala na tumbo dogo, akaamka na uchungu, na mtoto hakuwa tayari kuishi. Mara ya pili Mwape hakulia hata kidogo. Hilo ndilo lililonitisha.

Mimba ya tatu ilipoonekana nikamwambia aje kwangu. Chisenga alimleta kwa mtumbwi, akakaa naye. Tumbo likakua mwezi baada ya mwezi. Nilikuwa nikimkuta Mwape amelishika, anacheka peke yake.

Majuma mawili yaliyopita Chisenga alisema anakwenda Kashikishi kununua chumvi na nguo ya mtoto, kisha apite kumwona mama yake Kafutuma. Mama huyo alikataa katakata kuishi juu ya maji.

"Usikawie, bwana yangu," Mwape alimwambia.

"Sikawii. Naenda na kurudi."

Sote tulijua kwamba hana uwezo wa kuitimiza ahadi hiyo.

Alhamisi mtoto akazaliwa. Msichana, mzima, mwenye sauti ya kuamsha kisiwa kizima. Mimi ndiye niliyempokea.

Leo, baada ya sala, tukaona mtumbwi. Mzee mwenye ndevu nyeupe alikuwa akipiga kasia, bega lake moja limeshuka. Nikamkaribisha kwa heshima, kwa Kibemba, nikimwita baba, kama mtu nisiyemjua: "Mwaiseni, tata."

Akatabasamu. Meno ya mbele hayapo.

"Yaya, ni mimi. Chisenga."

Ni yeye na Mwape tu wanaoniita yaya, dada mkubwa. Nikakaa chini.

Naye akakaa, akatusimulia. Miaka mingi ilimpita kule, na aliiishi yote, siku kwa siku. Kila alipokuja ufukweni kututafuta, aliona maji matupu. Alimzika mama yake. Alilima, akauza mihogo, akazeeka.

"Batu walisema, oa mwingine, bibi yako alishapotea. Mi nikasema hapana, iko kwenye kisiwa."

Na kila mwaka alimnunulia mtoto nguo, ya ukubwa aliodhani amefikia. Akafungua mfuko: kishati cha kitoto kichanga, kingine cha mtoto wa kutambaa, kingine cha wa kukimbia, shati la mtoto wa shule, mpaka shati la mtu mzima. Yote mashati, kwa sababu hakujua ni msichana.

"Sasa mutoto ni mukubwa," alisema taratibu. "Ananikasirikia?"

Mwape alikuwa amesimama mlangoni muda wote. Nakiri niliogopa. Alimuaga kijana, akarejewa na mzee. Nilidhani atarudi ndani.

Alikuja. Akapiga magoti, akamwekea mtoto mikononi.

"Bado hajui kukasirika. Kitovu chake hakijaanguka."

Chisenga aliinamisha pua juu ya kichwa cha mtoto, akalia kwa sauti mbele yetu sote. Mwape akamfuta uso kwa ncha ya chitenge, huku akicheka na kulia. "Na mimi sasa nikuite tata?"

Mchana Chisenga akampa mtoto jina la marehemu mama yake, Bwalya. Tulimlilia kidogo yule mama. Majuma mawili tu yaliyopita, kwetu sisi, alikuwa hai.

Baadaye, tukiwa jikoni, nilimuuliza Mwape kama moyo wake umekubali kweli. Aliendelea kukoroga sufuria.

"Yaya, nilimwomba Mungu anirudishie yeye. Sikutaja umri."

Chisenga amesema harudi nchi kavu tena. Kesho ataanza kukata mafunjo mapya pamoja nasi, maana yale ya chini huoza na lazima tuongeze juu. Bega lake litamsumbua. Nimeamua kumtafutia kazi ya kukaa, ya kusuka kamba, bila kumwambia kwamba ni kwa sababu hiyo.

Ninapoandika, wote watatu wamelala kwenye mkeka mmoja.

Bwalya atakaa na baba yake miaka mingapi? Sijui. Lakini kila mmoja utakuwa mwaka mzima, na hakuna hata siku moja itakayowaruka.